Bibi wa Mudende

Kuna wanawake wakichomwa moyo hupiga kelele mtaa mzima ukajua. Igihozo hakuwa wa namna hiyo. Yeye akichomwa hunyamaza, akatazama.

Jumanne ile saa sita alimpakulia Ndahiro sahani yake ya viazi, maharagwe na vidagaa vya sambaza vya kukaanga, akaiweka mezani pasipo neno. Siku nyingine angemtania: "Kula, prezida, kampeni haifanyikake na tumbo tupu." Kantini yake ilikuwa inatazamana na lango la chuo, na tangu Ndahiro aanze masomo pale mwaka mmoja uliopita, hakuna siku aliyokula mahali pengine. Alikuwa na macho ya upole na sauti ya taratibu. Akishukuru kwa chakula, ungesema amepewa ng'ombe.

"Igihozo, nimekosa nini?" aliuliza.

"Hakuna kitu."

"Mbona hunitazami?"

Igihozo alijifuta mikono kwa kitambaa. Asubuhi ile Saidati, rafiki yake anayeuza nyanya pembeni ya kantini, alikuwa amemletea simu sikioni. Sauti ya Ndahiro ilikuwa imesambaa katika simu za wanafunzi wote, maana alikuwa anagombea urais wa umoja wao, na kura zilikuwa za Ijumaa. Sauti ilisema: "Ndugu zangu, mkinichagua, msinishukuru mimi. Mshukuruni bibi yangu kule Mudende. Ndiye aliyenipikia, akanifulia, akaniombea. Nyumba ya kwanza nitakayojenga itakuwa ya kwake."

"Igi, umesikia?" Saidati alisema. "Iko na bibi! Iko na bibi kule mulimani, na huku kila saa sita anakuja kukuangalia kama sinema!"

Gisenyi, kuanzia forodha ya Grande Barrière mpaka Rubona, na ng'ambo kule Goma pia, mtu akisema bibi yangu, amesema mke wangu. Hakuna anayeuliza mara mbili. Igihozo hakulia. Alisema tu, "Mi nitamuuliza mwenyewe." Sasa mwenyewe alikuwa mbele yake, kijiko mkononi.

"Bibi yako iko muzima?" Igihozo aliuliza.

Uso wa Ndahiro ulifunguka kama dirisha. "Mzima kabisa! Nani amekwambia habari zake?"

"Nilisikia. Unamupenda?"

"Kuliko mtu yeyote duniani. Yaani, Igihozo, mimi bila yule si kitu."

"Bon." Alikikunja kitambaa. "Na yeye anajua habari yangu?"

"Bado. Nataka nimweleze uso kwa uso. Lakini najua atafurahi."

"Atafurahi?"

"Sana! Amechoka kukaa peke yake. Kila nikienda ananiambia, leta mwenzangu nipate wa kuzungumza naye."

Igihozo aliichukua ile sahani, nusu yake haijaliwa, akaenda nayo jikoni. Aliinama juu ya sufuria ili mvuke uwe kisingizio cha macho yake. Mwanamume aliyekuwa akimwona kuwa mstaarabu kuliko wote, anamwambia peupe kwamba mke wake anasubiri mwenzake, na bado anatabasamu!

Jioni hiyo karatasi ilibandikwa langoni. Saidati alimsomea, maana iliandikwa kwa maneno ya kisheria, na Igihozo shule aliiachia darasa la sita. Gakwaya, mpinzani wa Ndahiro, alikuwa amepeleka malalamiko kwa tume ya uchaguzi. Katiba ya umoja, kifungu cha tisa, inasema rais anakaa bwenini pamoja na wanafunzi, kwa hiyo lazima awe ingaragu, mtu ambaye hajaoa. Ndahiro alisaini kwamba hajaoa, kumbe sauti yake mwenyewe inamtaja bibi. Amedanganya. Jina lake lifutwe, na kitanda chake bwenini kitolewe. Kesi itasikilizwa kesho saa nane mchana.

"Wamufukuze tu," Saidati alisema. "Mwongo!"

"Akitolewa bwenini atalala wapi? Masomo yake si itakufa?"

"We bado unamuhurumia?"

"Saidati, ule bibi, we ulimuona?"

"Hapana."

"Nani alimuona?"

Saidati alifikiri. "Hakuna."

"Donc mi nitaenda kumuona. Siwezi kumulilia mutu sijamuona na macho."

Kulipokucha alimwachia Saidati funguo za kantini, akapanda Mudende.

Huko juu baridi inauma masikio, na ukungu unakaa juu ya mashamba ya viazi kama blanketi ambalo halijakunjwa. Igihozo alivaa kitenge chake kizuri, kwa sababu mwanamke haendi kumwona mke wa mpenzi wake akiwa na nguo za jikoni. Aliuliza njia mara tatu. Mara ya tatu alionyeshwa nyumba ya mabati yenye ng'ombe mmoja mwekundu, na mbele ya nyumba kikongwe mmoja ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, anachagua mbegu za viazi.

"Muraho, mukecuru," Igihozo alisalimia, akainama na kumpa mikono miwili.

Kikongwe alimtazama kitenge, akamtazama viatu, akauliza, "Umetoka mjini? Basi unajua Kiswahili! Kaa, binti yangu. Mimi nilikaa Karagwe, Tanzania, miaka zaidi ya thelathini. Tangu turudi huku sipati mtu wa kunisemesha Kiswahili kizuri. Majirani wanasema kama wanaotafuna kokoto."

Igihozo alikaa juu ya gogo. "Mubyeyi, natafuta bibi ya Ndahiro."

"Ndiye mimi."

Igihozo aligeuka akatazama nyuma yake, kisha mlangoni. "Hapana, mama. Bibi. Bibi ya Ndahiro. Mwenye kumupikia."

"Nimempikia tangu hajaota meno."

"Mwenye kumufulia."

"Hata nepi."

"Mwenye... mwenye atajengewa nyumba."

"Hee, ameahidi!" Kikongwe alicheka, na mdomoni hamkuonekana jino la mbele hata moja. "Mimi ni Mukamusoni, mama yake Vestine, na Vestine ndiye mama yake Ndahiro. Vestine alipata kazi mbali, akaniachia mtoto ana miezi saba. Mimi ndiye bibi yake. Ulitaka bibi wa namna gani? Mwenye meno?"

Igihozo alishika kichwa. Maneno yote ya jana yalirudi, moja moja, na kila moja sasa lilikuwa na uso mwingine. Nampenda kuliko mtu yeyote. Amechoka kukaa peke yake. Leta mwenzangu. Alianza kucheka, akacheka mpaka machozi yakamshuka, na machozi yaliposhuka hakujua tena kama anacheka.

"Koko," alisema. "We ni koko! Kwetu banasemaka koko. Bibi, kwetu, njo mwanamuke wa mutu."

Mukamusoni aliweka kiazi chini. "Mke?"

"Mke."

"Kwa hiyo mji mzima unajua mjukuu wangu ameoa?"

"Ndiyo. Na saa nane wanamukatia kesi. Wanafuta jina yake, na bwenini wanamutoa."

"Vestine alinipigia jana kwa simu ya jirani, akasema kuna mchezo wa watoto chuoni, nisihangaike, miguu yangu mibovu." Kikongwe alisimama, akipangusa udongo kwenye sketi. Kisha akatulia, akamtazama Igihozo tena, safari hii polepole. "Na wewe ni nani?"

"Mi ni mutu wa kantini."

"Mtu wa kantini hapandi Mudende asubuhi na baridi hii kumtafuta bibi wa mtu."

Igihozo alitazama vidole vyake.

"Ulikuja kunipiga?" kikongwe aliuliza.

"Hapana, mubyeyi! Nilikuja kuangalia kama we ni muzuri kunishinda."

"Na umeonaje?"

"Umenishinda."

Mukamusoni alicheka mpaka ng'ombe akageuza shingo. Alimwingiza ndani, akampa kikombe cha maziwa, akasimama juu yake mpaka akayamaliza yote. Kisha akatoa kanga sandukuni, akajifunga.

"Asante, mwanangu," alisema. "Wengine wangeisikia ile sauti wakaenda kutukana. Haya, nipe mkono. Miguu ni mibovu, lakini mdomo bado."

* * *

Chumba cha kesi kilikuwa darasa. Larissa, mwenyekiti wa tume, msichana wa miwani anayesomea sheria, aliketi mbele na wenzake wanne. Madirishani wanafunzi walijazana. Nyuma kabisa aliketi mwanamke mwenye koti la ofisi na mkoba magotini, na Igihozo alipochungulia mlangoni alimtambua. Ni Vestine, mama yake Ndahiro. Mara moja tu alikuwa amefika kantini, akamtazama Igihozo kuanzia kichwani mpaka kwenye kandambili, akamwambia mwanawe bila kushusha sauti: "Mimi nilikutuma shule, sikukutuma jikoni."

Ndahiro alikuwa amesimama. Alikuwa amekonda kwa siku moja.

"Madame la présidente," alikuwa anasema, "nimeeleza. Bibi ni mama wa mama yangu. Kwetu nyumbani tunasema hivyo."

"Ile ni koko!" Gakwaya alidakia. Alikuwa kijana nadhifu, suti nzuri, ulimi mwepesi. "Bon, tuko Gisenyi hapa. Nani hapa mama ya mama yake anamwita bibi? Anyooshe mukono!"

Hakuna mkono ulionyooka. Madirishani walicheka.

"Munaona? Mutu anasema bibi, anasema atamujengea nyumba, alafu kesho anasema ni koko! Hata mi nikikamatwa nitasema ni koko!"

"Gakwaya, bila mzaha," Larissa alisema. "Ndahiro, tuko na barua ya mama yako, lakini barua ya mzazi si ushahidi wa kutosha. Huyo bibi yuko wapi?"

"Ni mzee, hawezi kufika."

"Basi tume haina njia ila..."

"Mungoje," Igihozo alisema mlangoni.

Vichwa vyote viligeuka. Ndahiro alimwona yeye kwanza, kisha akaona ni nani amemshika mkono, na uso wake ulibadilika mpaka Igihozo akalazimika kutazama chini. Nyuma, mkoba wa Vestine ulianguka kutoka magotini.

"Mama!" Vestine alisema. "Nilikwambia usitoke!"

"Uliniambia ni mchezo," Mukamusoni alijibu, akitembea polepole kati ya viti. "Nimekuja kucheza."

Larissa mwenyewe aliinuka akampa kiti. "Mubyeyi, karibu. Tunataka kuuliza swali moja tu. Huyu kijana ni nani wako?"

Mukamusoni alimtazama Ndahiro kwa mapenzi yote ya miaka ishirini na mbili.

"Huyu? Huyu ni mume wangu."

Darasa lililipuka. Waliokuwa madirishani waliangukiana. Gakwaya aliruka juu: "Iandikwe! Iandikwe! Amesema mwenyewe!" Ndahiro alifunika uso. Igihozo alitamani sakafu immeze, maana njia nzima hawakuwa wamezungumza kuhusu jambo hilo: kwamba kule alikokaa Mukamusoni, bibi na mjukuu wake wanataniana hivyo tangu dunia iumbwe.

Larissa aligonga meza. "Kimya! Mubyeyi, mulioana lini?"

"Siku aliyozaliwa. Babu yake alikuwa amefariki, mimi nimebaki peke yangu. Nikampokea mikononi, nikasema, asante Mungu, mume wangu amerudi. Ila huyu wa sasa ni mvivu wa kuchota maji."

Kicheko cha sasa kilikuwa cha namna nyingine. Hata wale wanne wa tume walikuwa wameinamisha vichwa, mabega yanatikisika. Larissa alivua miwani, akaipangusa, akaivaa.

"Tume inaona," alisema, akijitahidi, "kwamba ndoa hii haimo katika kifungu cha tisa."

"Ngoja!" Gakwaya hakuwa mtu wa kukata tamaa. Alimwelekezea Igihozo kidole. "Na huyu? Huyu ndiye anamupikia kila siku, chuo kizima kinajua. Pengine bibi mwenyewe njo huyu! Aseme hapa, yeye ni nani wa Ndahiro!"

Kicheko kilikatika. Larissa alimgeukia. "Dada, swali ni halali. Wewe ni nani wake?"

Igihozo alisimama katikati ya darasa, mahali ambapo hakuwahi kusimama tangu aache shule. Aliona macho ya Vestine nyuma. Akisema mi si mutu wake, atakuwa amedanganya mbele ya watu wote. Akisema mi ni mutu wake, Gakwaya atalidaka neno hilo, na Ndahiro atalipia. Alinyamaza. Watu walidhani ameogopa, kumbe alikuwa anachagua.

"Mi si bibi yake," alisema. "Kwa maana yenu wala kwa maana ya kwao. Hajanioa, hajafika kwetu kuniomba, hata irembo, ile ruhusa ya kwanza kwa wazazi wangu, hajachukua. Mi nilisikia ile sauti kama nyinyi mulisikia, na nilikosea kama nyinyi mulikosea. Mulisoma sheria, mi nilisomaka primaire tu. Ile neno ilitupoteza sisi wote. Ila mi nilipanda kwenda kuuliza."

Gakwaya alikaa. Alisema, bila kumtazama mtu, "Hapo amenishika." Na kwa haki yake, aliinuka tena, akamfuata Mukamusoni, akainama na kumpa mikono miwili. "Unisamehe, koko."

"Bibi," Mukamusoni alimsahihisha.

Larissa hakuhitaji kushauriana na wenzake. Jina la Ndahiro litabaki. Kitanda chake kitabaki. Malalamiko yamefungwa.

Nje, kwenye kivuli cha ukuta, Ndahiro alimfikia Igihozo kabla ya watu wengine.

"Jana uliniuliza kama nampenda," alisema. "Nikakwambia kuliko mtu yeyote. Ulilala na neno lile usiku kucha?"

"Nililala nalo."

"Na asubuhi ukapanda mlima."

"Nilitaka kumuona."

"Igihozo, ungeweza kuniacha wanifute."

"Ningeweza." Alimtazama sasa, kwa mara ya kwanza tangu jana. "Lakini mutu mwenye anashukuru sahani ya maharagwe vile we unashukuruka, moyo yangu ilikataa kama anaweza kuwa mubaya."

"Asante," Ndahiro alisema. "Sijui hata nikushukuru vipi. Asante. Ijumaa nishinde, nishindwe, Jumapili nitamtuma mjomba kwenu kuchukua irembo. Mkinikatalia, nitarudi Jumapili nyingine."

"Nani alisema tutakukatalia?"

Nyuma yao mtu alikohoa. Mukamusoni alikuwa amesimama, ameegemea mkono wa binti yake.

"Ndahiro, niache nimwone vizuri mke mwenzangu," alisema. Alimshika Igihozo kidevu, kama anayekagua mbegu. "Ndiyo. Nimemkubali. Kazi tutagawana, wewe upike, mimi nile."

"Mama, tafadhali," Vestine alisema. "Watu wanasikia."

"Wasikie. Wamesikia mangapi tangu asubuhi? Mimi nina njaa."

Walivuka barabara. Saidati aliwaona kutoka kwenye nyanya zake, akapiga vigelegele kabla hajajua wamekuja kufanya nini. Igihozo aliwasha moto, akapasha maharagwe, akaponda viazi vya Mukamusoni mpaka vikawa laini kama uji, maana ameona hana meno. Mikono yake ilikwenda yenyewe. Moyoni alikuwa anasema asante, asante, asante, kwa kila kijiko anachoteka, hajui tena anamshukuru Mungu au ni yule kikongwe au ni miguu yake mwenyewe iliyompeleka.

Aliwapakulia wote watatu. Kisha akasimama pembeni, mikono nyuma, kama alivyozoea kusimama wateja wanapokula.

Vestine alionja. Alionja tena. Alimtazama mama yake akila viazi bila taabu, bila kuomba mtu amsagie, jambo ambalo hugeuka vita kila Vestine anapomtembelea. Aliweka kijiko chini. Akamtazama Igihozo, kitenge chake kizuri kimechafuka udongo wa Mudende kwenye pindo.

Halafu alichukua mkoba wake kutoka kwenye benchi, akauweka chini, akasogea.

"Kaa ule," alisema. "Mbona unasimama kama mgeni?"